Baba Juu ya Meza ya Ubani

Kowloon, Hong Kong
Siku chache baada ya sikukuu ya mwezi, 1957

Mama mpendwa,

Pokea salamu zangu nyingi. Magoti yanaendeleaje, na yule jirani bado anakuibia vitunguu vya dirishani? Mimi ni mzima, ila macho yamechoka kwa kushona mavazi ya waigizaji. Hapa studio filamu zinafuatana mbiombio, hata kula tunakula tumesimama.

Uliniuliza ile filamu ya mjane iliishaje. Inaliza mno, Mama. Wanawake walitoka na leso za kukamua. Lakini nusura ikwame. Ilitakiwa picha ya marehemu mume, ya kuwekwa mezani na kufukiziwa ubani, na kila mzee tuliyemwomba alikataa picha yake iwekwe hapo naye angali hai, hata kwa bahasha nyekundu yenye pesa za kuondoa nuksi. Mzee Kau, mwigizaji wetu, alifoka kwamba mwezi ule amekwisha kufa mara tatu kwenye filamu, sasa na wenzake wafe.

Usinune kabla hujamaliza kusoma. Nilitoa picha ya Baba, ile uliyonipa nilipohama Macau. Najua tangu vita vimpoteze huko Malaya hujamwashia hata kijiti kimoja cha ubani, na akina shangazi wakikuambia umpumzishe, unawafukuza. Mimi nilishakata tamaa. Nilijiambia angalau hapa kuna watu watakaomlilia.

Sasa kaa chini. Juzi wakala wetu aliyepeleka filamu hiyo Malaya alirudi akicheka. Alisema mjini Ipoh mzee mmoja aliinuka katikati ya watu wanaolia, akapiga kelele: “Nyie! Nani kanifukizia ubani? Mimi mzima!” Kisha akadai arudishiwe kiingilio. Studio nzima ilicheka. Mimi nikauliza kama sikio lake la kushoto limekunjika. Wakala akaacha kucheka.

Nimezungumza naye kwa simu, Mama. Ni yeye. Aliambiwa kijiji chetu kiliteketea na sisi sote ndani yake. Alinigombeza weee, alipomaliza akauliza kwa sauti ndogo kama nawe ulimfukizia. Nikamwambia hujawahi, hata siku moja. Alilia mpaka simu ikakatika.

Meli yake itafika kabla ya Mwaka Mpya. Wasalimie akina shangazi, nao wameze maneno yao. Na lile bakuli unalompangia mezani kila mkesha wa mwaka, safari hii pika wali wa kulijaza.

Mwanao mtundu, akupendaye,
Sau-king