Jua la Shaba la Kanisa la Likasi

Mama Mwape mpenzi,

Nakusalimu kwa kicheko kidogo, kikubwa kimenikwama kooni. Kabla ya kwenda kumwombea Mwape wetu mchumba, nilipita kwanza kwenye kanisa hili unaloliona kwenye picha ya kadi hii. Mapadri wa zamani walilijenga kama la kwao Ulaya, dogo lakini lenye majivuno: nguzo zimesokotwa kama nguo inayokamuliwa, malaika wamenona mashavu, na nyuma ya altari linawaka jua kubwa la dhahabu. Miye nikatia kidole mate, nikalisugua nione kama ni dhahabu kweli. Alama ikabaki.

"Weye sitwayeni, mwananchi wa namna gani weye! Ni shaba ile, bafundi ba kampani ya migodi ndio baliifua! Nimesugua tangu asubuhi na ndimu na majivu!" Ni mama mmoja mnene, kitambaa mkononi.

Nikamjibu, "Usikasirike, mama. Ndimu ikibaki, nikusugue na weye ung'ae."

Jioni, nilipofika na wazee wetu kwao binti, mama yake mzazi akatoka kutusalimu. Ndiye yule! Mkwe, ambaye kwa mila yetu hata kumtazama usoni ni mwiko! Niliinama mpaka kidevu kikagusa kifungo cha koti langu la abakosi.

Akawaambia wazee wake, "Mutoto tunamutoa. Lakini kila Jumamosi mpaka ndoa, jua la kanisa atasugua huyu baba."

Basi sirudi upesi. Pale kwetu Kapolowe usimwambie mtu. Nitumie ndimu za uani kwetu, nawe ukae salama, mke wangu unayeng'aa bila majivu.

Baba Mwape, mwenye kunuka ndimu