Ninajua Kiitikio Tu

Shangazi Lusia, shikamoo sikupi maana huenda nimekuzidi umri, ila msaada nauomba kama mdogo wako.

Mimi ni mwalimu mstaafu hapa Karatu, Mmaasai niliyezaliwa ndani ya kreta ya Ngorongoro, tukahamishwa nikiwa kijana, na tangu hapo nimeishi na vitabu badala ya ng'ombe, na mke wangu Laurencia ambaye ni Mwiraqw, yaani Mmbulu, na sasa ninaandika mswada wa filamu juu ya Supeet, mtunzi wa zamani wa nyimbo za kusifu maksai, ambaye wazee walisema hakutamka neno mpaka wenzake waanze kuunguruma kooni, yaani muziki ulitangulia, shairi likafuata. Nimefika kwenye wimbo wake mkubwa nikagundua siujui. Ujanani niliuimba sana, lakini nilikuwa mwitikiaji, kwa hiyo nilichobaki nacho ni kiitikio, na maneno alikuwa nayo kiongozi wetu Olais, rika langu, ambaye yuko Loliondo na kifua kinamsumbua. Nilimpigia simu nikamwomba aniimbie. Akacheka, akasema nimekuwa Mmbulu wa vitunguu, kisha akauliza, "Nikianza, nani ataitikia? Simu?"

Binti yangu Nashipai, atakayeongoza filamu, anasema nitunge maneno mengine, muziki watautengeneza kwa kinanda huko Arusha, hakuna atakayejua. Mimi nitajua. Naye Laurencia aliniuliza jambo moja tu akichambua maharage: "Ukienda kwa Olais, utarudi?" Nikajifanya natafuta miwani. Shangazi, nikisikia kengele za ng'ombe wa watu barabarani koo langu huanza kuunguruma lenyewe, na ninaogopa nikiuitikia wimbo ule kule sitaweza kuinuka. Nitunge, au niende?

Mwalimu, Karatu

Mwalimu, shikamoo.

Pole. Kuhamishwa hakuponi kwa kusoma. Lakini acha kujificha nyuma ya Supeet. Wewe umeniuliza habari za filamu. Mkeo alikuuliza habari za maisha yake, ukamwacha na maharage yake. Mwanamke aliyefikia mvi pamoja nawe anastahili jibu, hata likiwa "sijui".

Kutunga usitunge. Mtu kama Supeet, asiyeanza bila wenzake, utamtungia maneno ukiwa peke yako mezani? Na Olais hakukukatalia, amekuita. Kifua kibovu hakingojei mswada ukamilike.

Leo hii mwambie Laurencia unachokiogopa, kisha mwombe mfuatane. Mwende wiki hii, si baada ya mavuno. Nashipai aje na kinasa sauti chake, anyamaze. Olais akiishiwa pumzi msimlazimishe. Pale atakapokatika paache wazi kwenye filamu, watazamaji wawasikie waitikiaji wakingoja.

Huenda ukalia. Lia, hakuna atakayekucheka ila Olais. Na hilo swali la kurudi msilijibu mkiwa njiani. Lijibuni wawili, hukohuko Loliondo, Laurencia akiwa ameshakusikia ukiimba.