Mto Uliopita Katikati ya Viti

Anderlecht, Jumapili jioni

Rispa mwanangu,

Mama yako anakusalimu kwanza, ndipo aulize: kifua cha babu kimetulia? Unakula? Mimi mzima, ni haya magoti tu na baridi. Yule bibi mzungu ninayemtunza kule Ganshoren bado ananiita kwa jina la dada yake, nami naitika.

Uliponipigia simu ukasema kanisani kwa Elisha wako wanataka uzamishwe mtoni kabla ya harusi, na babu ameapa hatakanyaga huko kwa kuwa ulishabatizwa utotoni, nilikwambia nitakuandikia. Usidhani nilikasirika. Niliogopa. Yule ni baba yangu, na wewe ni wangu.

Sasa sikia. Huku Ulaya Wakenya tunafanyia ibada kwenye ghala, Wakongo wakishamaliza yao. Tu wachache, kwa hiyo makanisa yote tumejichanganya. Leo Papa Dieudonné, Mkongo anayeshika ufunguo, akaniuliza, "Maman, hii njia ya katikati munaachiaka nani?" Nikatazama viti. Rispa! Watu wa upande wetu wa mto wa nyumbani wote kushoto, wa ng'ambo, kwao Elisha, wote kulia. Na hakuna aliyetupanga.

Nikakumbuka nyanya alivyokuwa akisimulia. Waingereza ndio kwanza wameshika nchi, wazungu wa misheni wakaketi hemani kwa D.C. wakagawana: huku kwetu, ng'ambo kwenu. Wa huku wakatunyunyizia maji, wa ng'ambo wakazamisha. Mwenyeji hakuulizwa. Wazee wetu wangejenga boma ng'ambo, leo babu angekuwa anakataa kunyunyiziwa. Na angeapa vilevile, si unamjua?

Basi nikabeba mkoba nikahamia kulia. Mama Ayub wa ng'ambo akacheka, "Umepotea, ama umekuja kupeleleza?"

"Songa huko, mimi ni mkwe wenu."

Akasonga.

Kwa hiyo moyo wako ukikubali, ingia majini. Babu nitampigia mwenyewe kesho, akishakunywa chai. Akikataa kuja, usimjibu vibaya. Mpakulie chakula kama siku zote.

Nisalimie shangazi Truphena anayekuangalizia ng'ombe, mjomba Enoka fundi wa baiskeli, na mama yake Elisha, mwambie mkwe wake wa mbali anamsalimu.

Likizo nimeshaomba, wamekubali. Nitasimama pale ukingoni nimeshika taulo, maana maji yale asubuhi ni baridi, na kifua chako nakijua.

Ni mimi mama yako,
Peresi