Baltazar wa Kasri

Bogna, nina hasira mpaka basi.

Natoka kasrini sasa hivi, kwenye magofu yetu. Yule mama anayetembeza wageni anawaambia eti mzimu wa binti wa kabaila hulia dirishani, ukimwita mpenzi wake Baltazar.

Baltazar, Bogna! BALTAZAR!

Nikamwambia, "Huyo ni bibi yangu Genowefa! Makabaila walipotimuliwa, vibarua wa shamba la serikali ndio waliohamia humu. Alikuwa anamwita mbuzi wake!"

Unajua kanijibu nini? "Dada, usituharibie historia."

Historia! Bibi kaziba paa lile linalovuja kwa mikono yake mwenyewe mpaka kazeeka, na jina lake halipo popote pale.

Mbuzi kawekewa kibao cha shaba chenye jina lake. Na maua juu!