Nilichomtafsiria Bibi

Mjomba wangu mpendwa,

Shikamoo. Hili sijamwambia mtu, hata Mama. Bima ya zamani imefutwa, na mfuko mpya wa serikali haulipii mashine ya kusafisha damu kwa wazee wa umri wa Bibi. Daktari aliniambia hayo kwa Kiingereza, Bibi akiwa palepale, ili asielewe. Bibi akanivuta mkono. "Kasema nini huyo?" Nikamjibu mashine imeharibika, turudi wiki ijayo.

Tangu hapo, kila siku ya kliniki anaoga alfajiri, anavaa gauni lake la kijani na kukaa na mkoba mapajani. Nikimwambia bado, ananitania: "Mashine gani hiyo, mume wangu? Nayo imelazwa?"

Shuleni sijambo. Nimekuwa wa kwanza kwa Kiingereza, na Bibi amewatangazia majirani kwamba ana mkalimani wake.

Jana miguu yake ilivimba, viatu vikakataa kuingia. Mjomba, wewe ni mwanawe. Mpigie simu umwambie ukweli, mimi ulimi umekuwa mzito.

Leo ni siku ya kliniki. Namsikia anaburuta malapa ukumbini, anakuja kuniuliza. Naificha barua hii chini ya godoro...