Watu wa Filamu Wameingia Chumba cha Redio

Jumatatu, 4 Machi
Wamekuja watu wa filamu! Filamu fupi, dakika kumi na mbili: mwanamke yuko chumbani, anafuatilia kwa redio ndege iliyo hatarini. Yaani mimi — kazi yangu ya miaka tisa. Bosi kakubali bila kuniuliza. Kaahidiwa jina lake litatokea mwishoni. Mwongozaji, nimembandika jina Bwana Tena kwa kupenda kusema "Tena!", kaitazama meza yangu akaguna. Eti mbona hakuna taa nyekundu? Nikamwambia hata ya chooni imeungua, aanzie huko.

Jumatano, 6 Machi
Anayeigiza mimi ni binti mrembo, kucha ndefu hata kitufe cha redio kinamshinda. Wanampulizia maji usoni, ndiyo jasho. Anapiga meza, analia, "Nijibu! Nakuomba nijibu!" Rubani gani atajibu makelele hayo? Bwana Tena kauliza mimi hufanyaje ndege ikipata shida. Nikasema naongea taratibu, naandika saa. Kasikitika utadhani nimefiwa. "Hiyo haiuzi, dada." Shemeji — mume wa dada yangu, rubani wetu — kacheka mpaka kapaliwa. Eti wampe yeye nafasi yangu, ndevu atanyoa. Mdomo huo!

Alhamisi, 7 Machi
Saa nane mchana. Shemeji yuko angani na dawa za hospitali. Wingu zito mbele, ndege ya injini moja, na injini inavuja oili. Kanieleza kama anayeagiza chai. Nikampa uwanja wa karibu: dakika kumi na moja.

Natafuta kalamu niandike saa. Nageuka — wanarekodi! Bwana Tena ananong'ona, "Endelea hivyo hivyo, usituangalie." Fisi mkubwa! Binti wa kucha ndiye aliyevua mtandio wake akaifunika kamera. "Yule ni shemeji yake! Huna haya?" Nimemsamehe kucha zote kumi.

Saa nane na dakika kumi na tatu. Shemeji kasema kauona uwanja. Kisha kimya. Kwenye ramani ya kompyuta kidoti chake hakisogei — pengine katua, pengine mtandao umekatika. Namwita kila dakika.

Nane na ishirini. Bado. Simu inaita: dada, mara ya tatu. Saa hizi huuliza tu nani atakuja kula jioni. Nimeigeuza kifudifudi, inatetemeka mezani. Sijui nimwambie apike cha watu wangapi.