Kamba ya Kwenda Shule

Mama mpendwa,

Shikamoo. Natumai barua hii inakukuta mzima, na kwamba zile sabuni za kufulia haziichubui tena mikono yako. Sisi huku tunapumua. Bibi anakohoa asubuhi tu, na yule mbuzi mweupe kazaa.

Najua dereva wa lori la viazi amekwisha kukueleza habari za mdogo wangu Chiriku, lakini yeye alisikia juu juu.

Huku mlimani ukungu haujaondoka, mwezi wa pili sasa. Alfajiri tunachota maji, tunawatoa mbuzi, halafu watoto wote kumi na mmoja tunajifunga kamba moja viunoni ili tupite ukingo wa korongo kwenda shule. Chiriku hufungwa nyuma yangu, mwisho kabisa, maana ndiye mdogo. Unamjua kwa mdomo: njia nzima anaongea, mpaka wenzake humwambia atameza wingu.

Siku ile hakuongea. Alilia kwamba miguu inamuuma kwa baridi, akawa anakaa chini kila hatua chache. Wenzangu wakanigombeza kwamba nawachelewesha, na shuleni kwetu aliyechelewa hufungiwa mlango. Tulipofika, nyuma yangu hapakuwa na mtu.

Mchunga mbuzi alimpata kesho yake asubuhi, amejikunyata chini ya jabali. Alikuwa hai, lakini miguu imekuwa myeusi. Tabibu alimkata vidole vyote vya mguu wa kushoto. Bibi alipomuuliza ilikuwaje, alijibu kwamba fundo lilifunguka. Kila mtu akaamini, nami nikaitikia.

Mama, halikufunguka. Nililifungua mimi. Nilimwambia akae pale, nitamrudia wakati wa mapumziko. Shuleni nikasema labda amerudi nyumbani. Mapumziko yalipofika nikaogopa ukungu, na nikamwogopa mwalimu zaidi, nikanyamaza mpaka jioni Bibi alipomkosa.

Chiriku hajanisema kwa mtu. Jana, nikimfunga kitambaa mguuni, nilimuuliza kwa nini. Akasema wewe Mama ukinifukuza mimi, yeye atalala na nani.

Nimeshindwa kula tangu hapo, ndiyo maana nimeandika. Bibi bado hajui. Nitamwambia leo, kabla dereva hajaondoka na barua hii, nisije nikaghairi.

Bibi anakusalimu sana. Chiriku anauliza utakuja lini. Mimi siulizi, ila siku utakayokuja utanikuta, sitajificha.

Ni mimi,
binti yako mkubwa